Usiku Uliouzwa kwa Kilo

Delfina alipanda ngazi tisini na sita mpaka ghorofa ya juu kabisa, akasimama kwanza mlangoni apate pumzi, maana hakutaka Ottavia amwone akihema. Kabla hajabisha, mlango ukafunguliwa.

"Nimekusikia tangu ghorofa ya pili," Ottavia alisema. "Siku hizi unapanda ngazi kama padri mnene. Karibu, madama. Kiti ni hicho kimoja, na mwenyewe ni paka."

Ndani kulikuwa na kitanda, meza na lundo la suruali za jeshi. Ottavia alikuwa anashona matundu ya vifungo, suruali nane kwa lira moja, amejisogeza dirishani mpaka bega linagusa kioo. Macho yake yalikuwa mekundu pembeni. Jiko lilikuwa halina moto.

"Usiniite madama," Delfina alisema.

"Nikuiteje? Mke wa mtayarishaji wa sinema ni madama. Ulikuwa Fina tulipokuwa tunagawana kipande cha jibini mle studioni. Siku hizi jibini mnalila wapi?"

"Hatuli."

Ottavia alimtazama viatuni, kisha usoni, akamwondoa paka kitini.

Delfina akaeleza haraka, kwa sababu alijua akichelewa ataona haya. Kulikuwa na Mwitaliano aliyehamia Buenos Aires, Bwana Zuccarelli, mwenye majumba kumi na mawili ya sinema huko. Watazamaji wake ni watu wa huku waliohama, ambao hulia wakiona hata paa la kwao. Alikuwa anaitaka *Mjane wa Susa*. Alitaka mkanda mama, ule unaotumika kuchapa nakala zote, na nakala moja iliyoungwa kamili. Bei ilikuwa lira elfu kumi na mbili. Angeitazama Ijumaa, na Jumamosi angepanda meli Genova.

"Na leo Jumatatu," Ottavia alisema.

"Tukiwa wanne tutamaliza. Mimi, wewe, Irma na Pinota."

"Wiki sita, Fina. Studio ilifungwa na malipo yangu ya wiki sita yako ndani. Irma anadai sita, Pinota anadai sita, na Pinota alimzika mama yake kwa jeneza la mkopo. Mumeo tulimwona siku ile mlangoni. Alivua kofia kutusalimu, kama sisi ndio maiti."

"Nitawalipa mimi. Pesa ikifika mezani, kabla hajaigusa, naondoa zenu. Za nyuma na za wiki hii."

"Anaahidi yeye au unaahidi wewe?"

"Mimi."

Ottavia alikata uzi kwa meno. "Ungesema yeye, ningekushusha hizo ngazi mwenyewe."

*

Amedeo Roggero alikuwa amesimama mbele ya kioo na koti jipya lenye ukosi wa manyoya. Walikuwa wanakaa vyumba vitatu nyuma ya studio, na viwili walikuwa wamevifunga kwa kukosa makaa. Delfina aliweka sufuria mezani, akalishika koti pindoni.

"Limetoka wapi?"

"Nimenunua."

"Kwa pesa gani? Kwa maneno?"

"Niliuza takataka za ghalani." Alijigeuza aone mgongo wake. "Sikiliza, Fina. Yule mtu hanunui filamu, ananunua mtu. Akiniona na koti lililotoboka viwiko, atajisemea huyu ana njaa, nitampa nusu. Akiniona na manyoya, ataogopa kunikosea adabu."

Delfina akamwekea polenta, ule ugali wa mahindi, na vitunguu vya kukaanga. Alikula akiwa na koti mwilini, amejifunga kitambaa kikubwa shingoni kama mtoto ili mafuta yasirukie manyoya. Kwa mbali bado alikuwa mwanamume wa kutazamwa. Mwaka ule alipoleta tembo wa kukodi kupita barabara kuu, watu mia tatu walimfuata mpaka lango la studio, na mfalme akampa heshima ya Kavaliere. Sasa kwenye mgahawa wa pembeni walikuwa wanamwita Kavaliere bado, ila kikombe hakiji mpaka aweke sarafu.

"Wanawake umewapata?"

"Watatu. Wanataka malipo yao ya nyuma."

"Watapata, watapata. Chumba kile cha wanawake siku zote kinalia."

"Unawajua hata majina?"

"Namjua yule mshika funguo. Yule mwenye ulimi."

"Ottavia."

"Huyo huyo."

Katika miaka kumi na moja ya studio Amedeo hakuwahi kukanyaga chumba cha kuungia mikanda. Alijua waigizaji, mabenki, mapazia, wenye majumba ya sinema, na kila mkahawa ambao mkataba unaweza kutiwa saini. Lakini chumba kile kirefu cha wanawake wenye aproni, chenye harufu ya gundi na rangi, alikiita jikoni, na alikuwa akisema mwenye hoteli hasimami kunusa vitunguu.

*

Jumanne asubuhi wanawake wote watatu walikuwa wameshafika studioni. Pinota alikuja na makaa mawili ndani ya mfuko wa aproni, ameyaiba kwa dada yake. Wakayawasha, wakacheka kwamba yanapasha joto kidole kimoja tu na wapokezane.

Irma alishika mashine ya kuchapia. Ottavia alishika mabeseni ya rangi. Delfina alikaa na daftari lake la namba, maana bila daftari hilo filamu haikuwa filamu. Mkanda mama haukutunzwa kama hadithi inavyokwenda. Ulitunzwa kwa rangi. Vipande vyote vya mchana, ambavyo havitiwi rangi, vilikaa pamoja kwenye makopo yaliyoandikwa jina la filamu. Vya taa na moto, ambavyo hutiwa rangi ya asali, vilikuwa kwenye makopo yaliyoandikwa *Asali*. Vya usiku, vilivyopigwa juani kisha vikatiwa rangi ili vionekane usiku, vilikuwa kwenye makopo yaliyoandikwa *Buluu* tu. Wanawake walichapa, wakachovya kila rangi kwa pamoja, wakaanika, ndipo wakakata na kuunga kipande kwa kipande kufuata namba. Mjane angeweza kuzikwa kwenye kopo la kwanza na kuolewa kwenye la nne. Aliyejua mpangilio ni Delfina na daftari lake.

"Arobaini na moja," alisoma.

"Arobaini na moja, mjane anamimina divai," Pinota alijibu, ameinua kipande kwenye mwanga. "Mungu wangu, huyu dada alikuwa na kiuno! Yuko wapi sasa?"

"Anauza kofia Milano."

"Heri yake. Mimi kichwa changu hata kofia hakina."

Kazi ilikwenda vizuri hata wakaanza kuimba. Ottavia hakumwita Delfina madama kutwa nzima. Mchana walikula mkate na kitunguu, wameketi juu ya masanduku. Irma akasema akipata pesa zake atamnunulia mtoto viatu viwili vinavyofanana, na wote wakamwambia ajizuie, asianze anasa.

Buluu waliiacha mwisho kama kawaida, kwa sababu rangi yake huganda kwenye mikono, na mikono hiyo huchafua kazi nyingine yote. Jumatano baada ya saa sita Ottavia alichemsha maji, akakoroga rangi, akaenda ghalani kuchukua makopo. Alikaa huko muda. Aliporudi alikuwa anajifuta mikono kwenye aproni, na mikono haikuwa na kitu.

"Fina, buluu umeihamishia wapi?"

"Sijaihamisha."

"Makopo sita. Rafu ni tupu, zimebaki duara tu kwenye vumbi."

*

Amedeo alikuwa anapiga viatu rangi. Alimsikiliza Delfina huku akiendelea kusugua, mpaka alipofika kwenye neno buluu, brashi ikasimama.

"Yale makopo?" alisema. "Yale yaliandikwa *Buluu*. Mimi sijatengeneza filamu inayoitwa Buluu."

"Amedeo."

"Nilitazama, Fina! Mimi si mjinga. Kila kilichoandikwa *Mjane* sikukigusa. Nikamwambia yule Gribaudo anayenunua mikanda chakavu, yale hapana, yale ni mali."

"Yaliyoandikwa *Mjane* ni mchana tu. Usiku wote ulikuwa kwenye makopo yale."

"Sasa mimi ningejuaje?"

"Kwa kuuliza."

"Kumuuliza nani?"

Delfina alimtazama. Ijumaa iliyopita, Gribaudo alipokuja na mkokoteni, yeye alikuwa jikoni, hatua kumi kutoka pale, anamenya viazi. Alisikia magurudumu. Alidhani ni muuza kuni amekuja kudai.

"Nilikuwa jikoni," alisema.

"Ndiyo, ulikuwa unapika. Sikutaka kukusumbua."

*

Karakana ya Gribaudo ilikuwa ukingoni mwa mto Dora, chini ya daraja, na harufu yake ilimpokea Delfina kabla hajaona mlango. Ndani kulikuwa na mapipa ya maji moto yenye magadi makali. Wanawake wanane waliofunga vitambaa puani walikuwa wanachovya mikanda, wanaitoa, wanaikwangua kwa brashi ngumu. Picha zilikuwa zinatoka kama utandu wa maziwa. Kwenye kamba, mikanda iliyokwisha safishwa ilining'inia mitupu, mtu angeweza kuona ukuta kupitia kwayo.

Gribaudo alikuwa mtu mfupi, mpole, mwenye kikohozi. Alimsikiliza mpaka mwisho, hakumkatiza.

"Madama, ya Ijumaa tuliosha Jumamosi," alisema. "Kilo mia mbili. Nilimpa Kavaliere lira mia nne, lira mbili kwa kilo, bei nzuri. Muulize yeyote."

"Makopo sita yalikuwa ya buluu."

"Makopo sita." Alihesabu kwa vidole. "Hiyo ni kama kilo kumi na mbili. Lira ishirini na nne."

Delfina akarudia moyoni: lira ishirini na nne. Haikutosha hata ukosi wa lile koti.

"Hukuona kwamba ni mkanda mama?"

"Niliona. Ndio wenye madini mengi ya fedha." Alifungua droo, akatoa donge la madini la kijivu, dogo kama yai la njiwa. "Hii ndiyo sehemu yangu. Plastiki yake inakwenda kwa mtengeneza vitana. Kila siku mtayarishaji mmoja huniletea mikanda, madama. Wengine wanalia. Mumeo hakulia, aliniambia nisisogeze koti langu karibu na lake." Alikohoa, akangoja kikohozi kipite. "Kile kilichobaki mkitaka kukiuza, bei ni ile ile. Na kama mnao wanawake waliozoea mikanda, nachukua wawili. Lira nane kwa siku. Glavu wanakuja nazo."

*

Walijaribu. Ottavia ndiye aliyesema wasikae kama wafiwa. Alhamisi yote walitafuta vipande vya mchana vyenye vivuli, wakavichovya kwenye buluu ili angalau usiku uwepo. Lakini usiku wa *Mjane wa Susa* haukuwa pambo. Usiku ndio mjane anafungua lango la ngome, anaingia chumbani kwa kapteni aliyemuua mumewe, na kumchoma kisu. Asubuhi yake anapelekwa gerezani. Mchana wao haukuwa na lango wala kapteni wala kisu. Ulikuwa na kuku, mavuno na harusi.

Pinota aliinua kipande cha harusi kilichokwisha kuwa buluu, akakitazama kwenye mwanga. "Wanacheza ngoma saa nane za usiku na miavuli ya jua," alisema.

Wakacheka mpaka Irma akajishika mbavu.

"Mwambie mumeo amweleze yule bwana ukweli," Ottavia alisema. "Aseme niliuza kwa kutojua. Mtu mzima anakosea. Atapunguza bei, lakini atanunua."

"Nitamwambia."

Na alimwambia. Amedeo alijibu kwamba hiyo ni kazi yake, na kwamba mazungumzo na wanunuzi yana namna yake.

*

Bwana Zuccarelli alikuwa na meno ya dhahabu na tabia ya kula karanga gizani. Ijumaa saa nne alikaa kiti cha mbele kwenye chumba kidogo cha maonyesho. Amedeo alikaa kando yake na manyoya yake. Delfina alikaa nyuma yao. Wale watatu walisimama ukutani, wamevaa aproni safi, kwa sababu Amedeo alitaka mgeni aone studio bado ina watu.

Mjane akamimina divai. Mjane akalia kaburini. Kukawa na harusi ya buluu yenye miavuli. Kisha mjane yuko gerezani, nywele zimetimka, anaubusu msalaba.

"Ngoja," Zuccarelli alisema. "Simamisha hapo. Huyu mama kafanya nini?"

Mashine ikanyamaza.

"Kavaliere, mimi ni mtu wa kawaida, labda sikuelewa. Anakunywa divai, anakwenda harusini, anafungwa. Kwa kulewa?"

"Bwana Zuccarelli." Amedeo alisimama. Sauti yake ilikuwa ile ya zamani, ya siku za tembo. "Nilitumaini sitalazimika kukuonyesha aibu ya nyumba yangu. Nimeibiwa."

Delfina akainua kichwa. Amedeo akaendelea.

"Sehemu ya usiku. Nzuri kuliko zote. Makopo sita yametoka ghalani, yameuzwa kwa waosha mikanda. Unajua wafanyakazi walivyo tangu ile migomo. Unawalisha miaka kumi, unafunga mwezi mmoja, wanakung'oa mpaka misumari." Akageuka polepole kuelekea ukutani. "Ghala lina ufunguo mmoja. Na mshika funguo ni yule pale."

Zuccarelli alimtazama Ottavia, kisha kwa sababu alikuwa mtu wa biashara, akamgeukia Delfina amuulize.

"Ni kweli, madama?"

Ilikuwa rahisi. Maneno yenyewe yalikuwa machache: hapana, bwana, aliuza mume wangu. Delfina aliyaona yote yamejipanga. Akaona pia mgeni anainuka, anavaa kofia, Jumamosi anapanda meli bila kitu. Irma na mtoto wake, jeneza la mama yake Pinota, na ahadi yake juu ya ngazi tisini na sita, vyote vinabaki bila lira moja. Akamwona Amedeo ndani ya koti lile, mbele ya watu wote. Akajisemea, nikinyamaza sasa, nitalipa wote, na Ottavia nitamlipa zaidi.

"Mimi sijui," alisema. "Siku hiyo nilikuwa jikoni."

Ottavia hakupiga kelele. Alifungua aproni, akaikunja mara nne kama wanavyokunja kila siku mwisho wa kazi, akaiweka juu ya kiti cha nyuma. Akapita mbele ya Zuccarelli, akasema, "Samahani, bwana," kwa sababu miguu yake ilikuwa imeziba njia.

*

Zuccarelli alinunua. Alisema usiku utapita kwa kadi ya maneno itakayosomwa kwenye pazia. Ataandika: *Usiku ule mambo ya kutisha yalitokea.* Watu wa Buenos Aires watalia bila kuona kisu, ilimradi wameona kuku wa kwao. Bei ikawa lira elfu nne, na kwa sharti moja.

"Washirika wangu wataniuliza kwa nini nimenunua filamu yenye shimo. Wakisikia wizi, watanihurumia. Wakisikia uzembe, watanikata fungu langu. Nataka karatasi yenye muhuri, yenye jina la aliyeiba, na saini ya mwenye daftari."

Mwenye daftari alikuwa Delfina.

Wakaenda kwa mwanasheria, ofisi yenye zulia na joto zuri hata Delfina akaanza kutoka jasho. Karani aliandika kwa mwandiko wa duara. *Ottavia Brusa, mshika funguo, amehusika na upotevu.* Amedeo alitia saini kwa mkia mrefu. Karani akampa Delfina kalamu, akamwonyesha kwa kidole mahali penyewe, kama watu wanavyowaonyesha wasiojua kusoma.

"Lazima jina liwemo?" aliuliza.

"Bila jina si wizi, madama," karani alisema kwa upole. "Bila jina ni hasara tu."

"Hakuna atakayeiona," Amedeo alimnong'oneza. "Inakwenda Amerika. Inavuka bahari."

Akasaini. Zuccarelli akahesabu noti mezani, na kabla Amedeo hajanyoosha mkono, Delfina alishaziwekea kiganja. Akaondoa za Irma, za Pinota, za Ottavia. Amedeo akamcheka mbele ya wanaume wale. "Mnaona? Huyu ndiye benki yangu."

*

Safari hii mlango haukufunguliwa kabla ya kubisha. Alibisha mara tatu.

Ottavia alikuwa anashona. Hakumwondoa paka kitini. Delfina aliweka noti mezani, kando ya suruali za jeshi.

"Wiki sita na hii," alisema. "Na nyingine nimeongeza."

Ottavia alihesabu bila haraka, akilowesha kidole. Alipofika lira mia nne na ishirini akasimama, akasukuma mia mbili zilizobaki mpaka ukingoni mwa meza.

"Hizi sikuzifanyia kazi."

"Chukua tu, Ottavia."

"Ulisaini kitu?"

"Ndiyo."

"Jina langu limo?"

"Limo. Lakini inakwenda Buenos Aires, hapa hakuna..."

"Karani wa yule mwanasheria amepanga ghorofa ya tatu," Ottavia alisema. "Mkewe alipita hapa saa saba. Alikuja kuchukua gauni lake aliloniletea nipunguze. Alisema halina haraka, atalipunguza mwenyewe."

Paka alijinyoosha. Delfina hakujua aweke wapi mikono yake, bado ilikuwa na rangi ya buluu kwenye kucha.

"Jumatatu nilikuwa naitwa kiwanda cha tumbaku," Ottavia alisema. "Wanataka barua ya mwajiri wa mwisho. Kwamba mtu ni mwaminifu."

"Nitakuandikia. Sasa hivi. Una karatasi?"

Ottavia akavuta karatasi chini ya godoro, na wino. Delfina aliandika akiwa amesimama, ameinamia meza. Aliandika kwamba Ottavia Brusa amefanya kazi chumba cha kuungia miaka kumi na moja, ameshika funguo miaka saba, na hakuna kipande hata kimoja kilichopotea mikononi mwake. Akatia saini.

Ottavia alisoma polepole, midomo ikitembea. Alipofika chini aligusa saini kwa kidole ili aone kama imekauka.

"Mkono ule ule," alisema. "Ile ina muhuri, hii haina. Mtu akiziweka pamoja ataamini ipi?" Akaikunja, akamrudishia. "Mpelekee mumeo. Yeye ndiye asiyejua nilifanya kazi gani."

*

Amedeo alikuwa amewasha jiko. Makaa yalikuwa yamejaa, chumba kina joto la miaka ya nyuma, na koti lilitundikwa msumarini. Alikuwa amenunua nyama ya ng'ombe, na chupa ya divai ilishafunguliwa. Alikuwa na furaha ya kweli, ile iliyomfanya Delfina ampende siku za kwanza, na hilo lilikuwa gumu kuliko mengine yote.

"Nimefikiri njia nzima," alisema. "Watu wa kule wanalia wakiona kuku. Basi tuwape kuku! Filamu ndogo, ya kijijini, waigizaji watano. Sihitaji tembo. Nina elfu mbili na kitu, naweza kuanza mwezi wa tatu. Una karatasi hapo?"

Delfina aliweka ile barua mezani, mbele yake, maandishi yakiwa juu.

"Soma," alisema.

Amedeo aliivuta, akaipitishia macho kama anavyopitishia ankara, akaigeuza upande mweupe. Akatoa penseli. Akaandika *Kijiji*, akapiga mstari, akaandika *mama*, *binti*, *askari*, *padri*, na chini yao *kuku*, akacheka peke yake.

"Chumba cha wanawake kitahitaji wangapi? Watatu wanatosha?"

Delfina alikuwa anapakua polenta.

"Na yule mwenye ulimi atarudi, eh? Huyo anajua kazi, yule bwana mwenyewe aliniambia rangi zilikuwa safi." Alilowesha ncha ya penseli kwa ulimi. "Mwambie asiwe na wasiwasi. Mwambie nimemsamehe."

Akavuta sahani, akaomba chumvi.